Mgeni Njoo, Mwenyeji Apone: Suala la Deni katika Anthropolojia

Methali isemayo "mgeni njoo, mwenyeji apone" huchukuliwa aghalabu kuwa sifa kwa mgeni. Ikichunguzwa kwa makini, hata hivyo, yabainika kwamba inampa mgeni sharti: ujio wake hupimwa kwa hali ya mwenyeji. Anthropolojia imekua kama taaluma ya wageni. Mtafiti hufika kijijini, hula na kulala kwa watu, huuliza maswali, kisha huondoka na daftari lake. Je, mwenyeji hupona? Na asipopona, mtafiti ana deni gani kwake?

Jibu jepesi ni kuwa deni hulipwa kwa kuifanya taaluma iwe na manufaa. Jibu hili halitoshi, kwani anthropolojia imekuwa na manufaa tangu zamani. Suala ni nani aliyenufaika. Mwaka 1929, katika jarida la Africa, Bronislaw Malinowski alitetea anthropolojia ya vitendo akishikilia kuwa maarifa kuhusu ardhi, sheria na uchumi wa Waafrika yangewafaa watawala wa kikoloni. Huko Meksiko, Manuel Gamio, mwanafunzi wa Franz Boas, aliitazama taaluma hiyo hiyo kama nyenzo ya serikali njema katika kitabu chake Forjando patria (1916). Alinuia kuinua maisha ya wenyeji asilia, lakini pia kuwayeyusha katika taifa moja. Miaka mingi baadaye, baina ya 2007 na 2014, jeshi la Marekani liliendesha mpango ulioitwa Human Terrain System, uliowaweka wataalamu wa jamii pamoja na askari katika vita vya Iraki na Afghanistan. Chama cha wanaanthropolojia wa Marekani kiliupinga mwaka 2007. Katika mifano yote mitatu elimu ilitumika. Aliyechunguzwa hakuwa ndiye aliyeamua itumike vipi.

Wapo wanaodai kwamba tatizo hili humalizika pale mwenyeji anapoishika kalamu mwenyewe, kwa kuwa kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Dai hili lina uzito. Mwaka 1936 Fei Xiaotong alichunguza kijiji cha Kaixiangong, katika wilaya alikozaliwa nchini Uchina, ambako dada yake alikuwa akiwasaidia wakulima kuanzisha kiwanda cha ushirika cha hariri. Kitabu chake, Peasant Life in China (1939), hakikuishia kueleza mila. Kilionyesha jinsi kuporomoka kwa hariri kulivyowatia wakulima katika madeni, kikapendekeza viwanda vya vijijini kama sehemu ya tiba. Hata hivyo, kiliandikwa kwa Kiingereza, na tafsiri ya Kichina ilisubiri hadi miaka ya 1980. Mwenyeji aliandikiwa dawa kwa lugha asiyoisoma.

Jomo Kenyatta, aliyefunzwa na Malinowski huyo huyo mjini London, alichapisha Facing Mount Kenya mwaka 1938. Hoja yake kuwa ardhi ya Wagĩkũyũ ilikuwa na wenyewe waliojulikana, mbari kwa mbari, haikuwa ya kitaaluma tu: ilikuwa jibu kwa dola iliyowagawia walowezi ardhi hiyo. Hapa mwenyeji amejibu, na amejibu kwa silaha ya mgeni. Lakini mhakiki hana budi kuuliza ni mwenyeji yupi anayesikika. Sauti inayotawala ni ya mwenye mbari. Mũhoi aliyelima kwa hisani ya mwingine hasikiki kwa kiwango hicho. Aidha, tohara ya wasichana inatetewa kana kwamba jamii nzima ilikuwa na kauli moja, ilhali suala hilo lilikuwa limewagawa Wagĩkũyũ wenyewe mwishoni mwa miaka ya 1920. Kuzaliwa ndani ya jamii hakumfanyi mtu kuwa mdomo wa kila aliyezaliwa humo.

Ikiwa si manufaa wala uzawa vinavyotosha, basi kipimo kitafutwe kwingine. Kipimo kinachopendekezwa hapa ni haki ya kujibu: kwamba aliyeandikwa aweze kujua alichoandikwa, akikanushe au akikubali, na jina lake litajwe pale maneno ni yake na yeye ameridhia litajwe. Historia ya Kiswahili yenyewe ina mfano mchungu wa kukosekana kwa haki hiyo. Desturi za Wasuaheli, kilichotolewa Göttingen mwaka 1903, kilitoka kwa jina la Carl Velten, ilhali sehemu kubwa yake ilikuwa kazi ya Mtoro bin Mwinyi Bakari, aliyekuwa akifundisha Kiswahili mjini Berlin. Mwaka 1905 Mtoro alipofika Tanga pamoja na mkewe Mjerumani, wakuu wa koloni waliwazuia kuingia. Dola ilizitaka desturi zake, yeye haikumtaka. Jina lake liliwekwa mbele katika tafsiri ya J. W. T. Allen ya mwaka 1981, zaidi ya nusu karne baada ya kufa kwake.

Yaweza kupingwa kwamba haki ya kujibu itaziba ukweli: wazee watafuta kila kinachowaaibisha, na wanyonge wa ndani watanyamazishwa mara ya pili. Pingamizi hili si la kupuuzwa. Lakini kujibu si kufuta. Mtafiti hubaki na hukumu yake. Anachodaiwa ni kuliweka jibu kando ya hukumu hiyo, likiwemo jibu la mũhoi na la mwanamke, ili msomaji awasikie wote. Kwamba jambo hili lawezekana limeonyeshwa na Wasan wa Afrika Kusini, ambao mwaka 2017 walitangaza kanuni zao wenyewe za maadili ya utafiti. Pamoja na mambo mengine, kanuni hizo zadai heshima, uaminifu, haki na lugha iliyo wazi. Waliochunguzwa kwa vizazi wamemwandikia mchunguzi masharti.

Suala hili haliwahusu wanaanthropolojia peke yao. Mwanafunzi wa fasihi simulizi anayekwenda kwa bibi kizee kurekodi ngano, nyimbo za jando au mbolezi, yumo katika uhusiano huo huo. Tasnifu zinazomtaja msimulizi kwa umri na jinsia tu, zikimwita "mhojiwa" ilhali yeye ndiye fanani, hurudia kosa la 1903. Kumwuliza kama anataka jina lake litajwe, kumrudishia matini aisikilize, na kuyaandika masahihisho yake ni kazi ya siku chache. Tasnifu isiyoweza kusomwa mbele ya msimulizi wake bado ina deni, hata kama watahini wameipitisha.