Nyota ya Padri

Mwezi wa Novemba 1955, katika toleo la kwanza la gazeti la Kimarekani liitwalo Infinity Science Fiction, ilitokea hadithi fupi ya Mwingereza Arthur C. Clarke aliyoiita The Star, yaani Nyota. Mwaka uliofuata ilipewa tuzo ya Hugo. Ni hadithi ya kurasa chache, haina vita wala mapenzi, na mwenye haraka aweza kuimaliza kabla chai yake haijapoa. Lakini neno lililomo ndani yake ni zito kuliko maandishi mengi marefu juu ya Mungu na elimu.

Msimulizi wake ni padri Mjesuiti ambaye pia ni mkuu wa wanafalaki katika chombo kisafiricho angani. Jambo hili si geni kama linavyoonekana. Angelo Secchi, Mjesuiti wa Roma, alikuwa miongoni mwa watu wa kwanza kuzipanga nyota kwa namna ya nuru yake katika karne ya 19, na kituo cha falaki cha Vatikani kingali mikononi mwa shirika hilo. Padri wa Clarke, basi, hakubuniwa ili achekwe.

Chombo chafika mbali, kiasi cha mwendo wa nuru wa miaka 3000, penye wingu la gesi lililosalia baada ya nyota kulipuka. Katika sayari ya mwisho, ambayo umbali wake uliiokoa, wasafiri wakuta ghala chini ya ardhi. Wenyeji wa jua lile walipotambua kwamba kifo kinakuja, nao hawana chombo cha kuwafikisha kwenye jua jingine, waliweka humo kazi za mikono yao, lugha yao, na picha za watoto wao wakicheza ufuoni, ili wasisahauliwe kabisa. Padri afanya hesabu. Apata mwaka ambao nuru ya moto ule ilifika duniani, na kwa hesabu hiyo ajua kwamba ndiyo nyota iliyowaongoza Mamajusi.

Yafaa kuangalia vema kinachomtikisa. Kufa kwa taifa peke yake hakukumshinda. Mataifa huinuka na kuanguka, wema kwa waovu, na Mungu hana deni la kujieleza. Tarehe 1 Novemba 1755, sikukuu ya Watakatifu Wote, Lisbon ilitetemeka na kuwafukia watu makanisani, na mwaka wa pili Voltaire akachapisha shairi la kulalamikia wale waliodai kwamba yote ni heri. Swali la Lisbon lilikuwa: kwa nini Mungu aliacha? Swali la Clarke, lililochapishwa kwa sadfa baada ya miaka 200, ni gumu zaidi: je, alitumia? Kuacha mtu afe na kumwasha kama taa ya mwingine ni mambo mawili. Kant alifundisha mwaka 1785 kwamba mtu asifanywe kamwe kuwa chombo tu cha makusudi ya mwingine, na hapa lafanywa taifa zima.

Msomaji wa mantiki atapinga. Kufika kwa nuru saa ile si ushahidi kwamba moto uliwashwa ili nuru ifike saa ile. Nyumba ya jirani iunguapo usiku, msafiri aweza kuiona njia kwa mwanga wake, wala hakuna atakayesema kuwa iliunguzwa kwa ajili yake. Pingamizi hili lamfaa mtu asiye na dini. Padri halimfai, kwa sababu Mungu wake ndiye mwenye moto na ndiye mwenye njia.

Elimu ya nyota nayo ina neno lake. Johannes Kepler aliona nyota mpya mwaka 1604, na katika kitabu cha 1606 akaihusisha na nyota ya Mamajusi; kwa hiyo Clarke hakuokota wazo lake jalalani. Lakini nyota kubwa zilipukazo kwa kuporomoka kiini, zenye uzito wa mara 8 au zaidi ya uzito wa jua, huishi miaka milioni makumi tu, na dunia hii ilihitaji zaidi ya milioni 4000 kabla ya kupata mtu wa kuchora. Nyota ya namna hiyo haina nafasi ya kulea taifa. Tena mwaka 1957 wanafizikia wanne, Hoyle akiwa mmoja wao, walionyesha jinsi elementi nzito zinavyopikwa ndani ya nyota na kutawanywa zifapo, hata chuma cha damu ya mtu. Kila aishiye, basi, anakula urithi wa nyota zilizokufa. Wako wanaoona faraja katika habari hiyo, nayo ni faraja nyembamba: chuma kingetoka vilevile kwenye nyota zisizo na watoto ufuoni.

Hesabu ya Clarke yaweza kukosea, na swali lisiondoke, kwa maana halikuanzia katika wingu lile la gesi. Limo katika sura ya 2 ya Injili ya Mathayo, aliyoisoma padri tangu utoto. Mamajusi, kwa kuifuata nyota, walifika Yerusalemu na kuuliza yuko wapi mfalme aliyezaliwa. Herode akawaita kwa siri, akawadodosa wakati ilipoonekana, naye akafanya hesabu. Kwa hesabu hiyo wakauawa watoto wa kiume wa Bethlehemu wenye umri wa miaka miwili na chini yake. Mwenye dini atasema kwamba aliyeua ni Herode, si nyota, na asema kweli. Lakini mtoto mmoja alionywa kwa ndoto na kupelekwa Misri, na wengine hawakuonywa. Kanisa la Magharibi huwakumbuka tarehe 28 Desemba, siku tatu baada ya Noeli, na padri wa Clarke bila shaka aliwasomea misa kila mwaka kabla hajapanda chombo.