Bei ya Nyumba ni Shilingi Ngapi?

Mwezi uliopita alitujia kijana mmoja katika wanafunzi wa darasa letu, karani wa bandarini, mtu wa swala na mwenye adabu, akatutaka fatwa. Mkononi alikuwa na bahasha. Alisema kwamba yeye na mkewe, ambaye ni muuguzi, wamechoka kuhamahama katika nyumba za watu. Kwamba baba mkwe wake hakomi kumuuliza ni lini binti yake atakaa pahala pake mwenyewe. Na kwamba iko benki iliyo tayari kumkopesha fedha anunue nyumba upande wa Bamburi, na nyumba hiyo hiyo iwekwe rahani mpaka deni liishe. Je, yafaa?

Kabla ya kumjibu tulimuuliza suala moja: "Bei ya nyumba ni shilingi ngapi?"

Akajibu bila ya kusita: "Elfu sabini kwa mwezi, Sheikh."

Tukamwambia kwamba hatukuuliza fungu la mwezi, tumeuliza bei. Akafikiri kidogo, akasema ni milioni saba na nusu. Jibu hilo nalo, kama tutakavyoona, halikuwa kweli.

Wasomaji wasimcheke kijana huyu. Sisi wenyewe tulipoipokea bahasha yake na kuzisoma karatasi zilizokuwamo, hatukuweza kuijua bei mara moja. Karatasi zilitaja rasilmali, zikataja riba ya mwaka, zikataja idadi ya miezi, na fungu la mwezi likaandikwa kwa herufi nene. Lakini jumla ya yatakayotoka mfukoni mwake mpaka siku ya mwisho hatukuiona pahala palipo wazi. Basi tuliketi baada ya Isha pamoja na mwalimu wa hesabu tunayeswali naye, tukaifanya hesabu sisi wenyewe. Wala si aibu kwa mwanachuoni kushika kalamu ya hesabu. Wazee wetu waliotusomesha mirathi walitufundisha kuigawa nyumba mafungu 24 na kumpa mjane thumuni yake bila ya kupotea hata senti. Elimu iwezayo kuigawa nyumba ya maiti haishindwi kuihesabu nyumba ya aliye hai.

Hesabu yenyewe ni hii. Nyumba yauzwa shilingi 7,500,000. Kijana anazo 1,500,000 alizojiwekea akiba, na benki yamkopesha 6,000,000 zilizosalia, kwa riba ya 13 kwa mia kila mwaka, kwa muda wa miaka 20. Fungu la mwezi latoka shilingi 70,295 hivi. Zidisha kwa miezi 240, utapata kiasi cha shilingi 16,870,000. Katika hizo, milioni sita ndilo deni alilopokea, na 10,870,000 ni riba. Ukiongeza akiba yake aliyotanguliza, nyumba imemfika shilingi 18,370,000. Hapo hatujahesabu ushuru wa stempu, ambao mjini ni 4 kwa mia ya thamani, yaani shilingi 300,000, wala ujira wa wakili, wala wa mkadiriaji, wala bima ya maisha na ya moto atakayodaiwa miaka yote hiyo.

Lakini jumla hiyo si ndiyo iliyotushitua zaidi. Lililotushitua ni mpango wa malipo. Katika fungu la mwezi wa kwanza, shilingi 65,000 ni riba, na 5,295 tu ndizo zinazopunguza deni. Mwenye kulipa miaka mitano bila ya kukosa hata mwezi mmoja atakuwa ametoa shilingi 4,217,000 na zaidi, na deni lake litakuwa bado ni 5,555,000 na ushei. Kwa miaka mitano ya jasho lake, la yeye na mkewe, amepunguza shilingi 444,000 tu. Akifika mwaka wa kumi, katikati ya safari, atakuwa ameshalipa 8,435,000, ambazo ni nyingi kuliko zote alizokopa, na bado anadaiwa 4,708,000. Nusu ya deni haimtoki mpaka apite mwaka wa 15.

Yatupasa tuseme kweli: hapana wizi katika hesabu hii. Riba yahesabiwa juu ya deni lililosalia, na mwanzoni deni lililosalia ni kubwa, kwa hiyo riba ni kubwa. Mtoto wa skuli aweza kuihakikisha. Ajabu ni kwamba jambo lililo wazi hivi kwa mwenye kalamu limefichika kwa mwenye kutia sahihi. Lau kijana huyu angelipa kwa miaka kumi badala ya ishirini, fungu lake lingekuwa shilingi 89,586, yaani angeongeza 19,292 kila mwezi, na angeokoa zaidi ya milioni sita. Huenda hawezi kuziongeza. Hilo ni jambo lake. Lakini hakuna aliyemwambia kwamba wepesi wa kulipa polepole bei yake ni milioni sita.

Juu ya hukumu ya riba hatutasema leo, kwani tumeshasema mara nyingi katika kurasa hizi, na msomaji wetu aijua. Hukumu ikijulikana, kuna suala jingine ambalo watu hawaliulizi, nalo ni hili: Je, mtu aweza kuhisabiwa kuwa ameridhia mkataba ambao hakuijua bei yake? Mafakihi wetu wameshurutisha katika biashara ridhaa ya pande mbili, na wameshurutisha pia kwamba bei ijulikane. Wengi hudhani kuwa hayo ni masharti mawili mbalimbali. Sisi twaona ni sharti moja lenye nyuso mbili, kwani ridhaa ni kitendo cha moyo unaojua. Asemaye "nimeridhia" juu ya jambo asilolijua hakuridhia jambo hilo. Ameridhia jambo jingine lililomo katika fikira zake. Kijana wetu aliridhia shilingi elfu sabini. Milioni kumi na nane hakuziridhia, kwa sababu hazikumpitia moyoni.

Atasema msemaji: mtu mzima mwenye akili akitia sahihi, ujinga wake ni juu yake. Na sisi twasema ndiyo, sehemu yake ni juu yake, na ndiyo sababu twaandika haya. Lakini jambo likijulikana kwa upande mmoja tu wa meza, na upande huo ukanufaika kwa kutojua kwa upande wa pili, basi kunyamaza hapo si uaminifu. Muuza ng'ombe haambiwi muaminifu kwa kuwa mnunuzi hakuuliza habari za mguu mbovu.

Tena bei hii, hata baada ya kuihesabu, haikutulia. Katika karatasi za kijana mlikuwamo ibara ndogo iliyosema kwamba riba yaweza kubadilishwa. Wasomaji wetu watakumbuka mwaka 2011, pale Benki Kuu ya Kenya ilipokipandisha kiwango chake kutoka 7 kwa mia mwezi wa Septemba hata kufika 18 mwezi wa Disemba, na mabenki yakawapandishia wateja wao, wengine wakapita 20 kwa mia. Mwaka 2016 Bunge liliweka kikomo cha riba, na mwaka 2019 kikomo hicho kikaondolewa. Sasa tuseme kijana amelipa miaka mitano, kisha riba ikapanda kutoka 13 hadi 16 kwa mia. Tofauti ni ndogo kwa mwenye kuisikia. Lakini riba ya mwezi mmoja juu ya deni lake lililosalia itakuwa shilingi 74,000 na zaidi, na fungu lake ni 70,295. Akiendelea kulipa lile lile, deni halipungui, laongezeka! Hapana budi alipe shilingi 81,600 hivi ili amalize kwa wakati. Na mshahara wa karani haupandi kwa kuwa kiwango cha Benki Kuu kimepanda.

Sheria ya nchi imemwekea mdaiwa hifadhi kadhaa, na si haki kuzinyamazia. Chini ya Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 aliyeshindwa kulipa hupewa ilani ya siku 90, kisha ilani nyingine ya siku 40 kabla ya kuuzwa. Na nyumba ikinadiwa kwa bei iliyo chini ya thamani ya soko kwa robo au zaidi, sheria humchukulia mwenye rahani kuwa hakutimiza wajibu wake mpaka athibitishe vingine. Na Sheria ya Mabenki, katika kifungu cha 44A, yasema kwamba deni likishaharibika, riba itakayodaiwa tangu hapo isizidi rasilmali iliyosalia siku lilipoharibika. Tulipokisoma kifungu hiki tulifurahi, kwa kuwa hata sheria ya kiserikali imechukizwa na riba inayoongezeka maradufu. Kisha tukatanabahi kwamba hifadhi hii ni ya deni lililoharibika tu. Anayelipa vizuri kila mwezi, akatoa riba ya milioni kumi na kitu juu ya deni la milioni sita, hana kikomo cha kumkinga.

Mzee mmoja wa darasa alitupinga, na hoja yake ina uzito. Alisema: "Na kodi je? Alipe elfu thelathini na tano kila mwezi kwa miaka ishirini, si zitakuwa milioni nane na laki nne, na mwisho wake hana hata dirisha? Na shilingi elfu sabini za baada ya miaka ishirini zitanunua nini?" Kweli. Kodi huliwa isirudi, nayo hupanda, na thamani ya shilingi hushuka. Kwa hiyo hatusemi kwamba kila aliyekopa ni mpumbavu. Twasema aziweke hesabu mbili pamoja mezani. Ila tumkumbushe mzee wetu kwamba faida ya kushuka kwa shilingi, anayodhani ni ya mdaiwa, benki imeshajikinga nayo kwa ile ibara ndogo.

Wako watakaosema: basi na aende kwenye benki ya Kiislamu. Tangu mwaka 2008 tunazo hapa Kenya, nasi twazitakia kheri. Lakini watu wa pwani hii tusisahau historia yetu. Babu zetu walikuwa na bei ya khiyari: mwenye nyumba au shamba humwuzia tajiri kwa khiyari ya kukomboa, kisha hubaki pale pale akilipa "kodi", na kodi hiyo ikawa ni riba iliyovikwa kanzu. Mashamba mengi ya karafuu na minazi yalitoka mikononi mwa wenyewe kwa njia hiyo, na karatasi zake ziliandikwa na watu wa vilemba kama sisi. Kwa hiyo jina peke yake halitoshi. Katika bei ya murabaha, faida ya muuzaji hutajwa na jumla hukatwa siku ya kwanza. Hata ikiwa kubwa, mnunuzi anaijua, na haizidi akiugua. Hilo ndilo jambo la maana. Katika shirika linalopungua, benki na mnunuzi humiliki pamoja, na mnunuzi hulipa kodi ya fungu la benki huku akilinunua kidogo kidogo. Hapa aulize: kodi hiyo yapandishwa kwa kufuata nini? Na nyumba ikiungua, benki nayo yapoteza fungu lake kama mshirika, au mshirika ni wa faida tu? Na biashara ya halali nayo yaweza kuwa ghali. Uhalali wake haumwondolei mtu wajibu wa kuhesabu.

Liko jambo moja zaidi tulilolifikiri usiku ule, baada ya mwalimu kwenda zake. Atiaye sahihi ya miaka 20 huuza miezi 240 ambayo bado hajapewa. Humfunga mtu asiyemjua, naye ni yeye mwenyewe wa miaka hamsini, mwenye maradhi pengine, mwenye watoto wa chuo pengine. Deni si jambo la kuchezea, Mtume (S.A.W.) alijizuia kumsalia maiti aliyeacha deni la dinari chache mpaka Abu Qatada alipojitolea kulidhamini. Na Mola wetu, katika Suratul Bakara, baada ya kutaja riba ameamrisha mdaiwa aliye katika dhiki apewe muhula. Ratiba ya mafungu 240 haina mstari wa dhiki.

Wengi wa watu wetu, tukumbuke, hawafiki hata kwenye meza ya benki. Mwaka 2023 mikopo ya nyumba ya namna hii katika Kenya nzima ilikuwa kiasi cha 30,000 tu. Mombasa wako maelfu wenye nyumba juu ya ardhi ya mwingine, wakilipa kodi ya kiwanja kama walivyolipa baba zao, na nyumba bila ya hati ya ardhi hairahaniki benki. Wengine hujenga chumba kimoja kwanza, wakahamia, wakaongeza cha pili mawe yakipatikana. Njia hiyo ni ya polepole, na mvua huwanyeshea. Lakini kila jiwe lililowekwa ni lao siku hiyo hiyo.

Kijana alirudi siku ya tatu, safari hii pamoja na mkewe. Tuliwasomea karatasi yetu mstari kwa mstari. Mke hakusema neno mpaka tulipofika mwaka wa tano, hapo akakiweka kidole juu ya ile 5,555,000 akamwambia mumewe, "Rudia hapa." Tukarudia. Hawajatia sahihi, wala hawajasema kwamba hawatatia. Waliomba nakala moja wampelekee baba mkwe.

Nakala nyingine tunayo. Mwenye kuitaka, au mwenye karatasi zake mwenyewe azitakazo zihesabiwe, na aje darasani usiku wa Alkhamisi baada ya Isha, na aje na kalamu.