Moto wa Msiba Humwakia Nani?

Tangu zama za kale, watu wa mataifa mengi wamekuwa na desturi ya kuwasha moto mahali palipotokea mauti. Jambo hili lastahili kufikiriwa, maana moto ni chombo cha walio hai: huwapikia chakula, huwapa joto na kuwaangazia njia. Marehemu hali, wala hasikii baridi. Moto wa msiba, basi, humwakia nani? Swali hili si la mchezo. Jamii isiyojua desturi yake inalinda nini haiwezi kuamua ni lipi la kutunza na ni lipi la kuacha.

Tutazame kwanza mifano ya mbali. Huko Varanasi nchini India, kando ya mto Ganges, Wahindu huchoma maiti. Kwa kawaida mtoto wa kiume wa kwanza ndiye awashaye kuni zilizopangwa kwa ajili ya mzazi wake, na baadaye majivu hutiwa mtoni. Mjini Kyoto, Japani, kila tarehe 16 Agosti, mioto mikubwa huwashwa juu ya milima mitano ili kuziaga roho za wahenga ambazo huaminiwa kuwa zilikuja kuwazuru jamaa zao. Moto wa kwanza humchukua marehemu. Wa pili humsindikiza.

Tukirudi kwetu Afrika Mashariki, twakuta moto wa namna ya tatu. Wajaluo waishio kandokando ya Ziwa Viktoria, nchini Kenya na katika Mkoa wa Mara nchini Tanzania, huuita magenga. Afapo mzee mwenye boma, magogo makubwa hukokwa uani, na watu hukesha wakiuzunguka moto huo. Mahali pengi pengine, hata pasipo na jina hilo, wanaume huota moto nje ya nyumba ya matanga usiku kucha, nao wanawake hukaa ndani pamoja na mfiwa. Moto huu haumchomi marehemu wala haumsindikizi, kwani yeye huzikwa ardhini. Ni dhahiri kwamba unawaka kwa ajili ya waliobaki.

Na waliobaki wanauhitaji kweli. Mchana wa msiba una shughuli nyingi: wageni hupokewa, kaburi huchimbwa, chakula hugawanywa. Usiku ndio humkabili mfiwa na upweke wake. Ajapo kushtuka usingizini na kusikia sauti za majirani uani, hutambua kwamba hakuachwa peke yake. Hapo motoni wazee husimulia maisha ya marehemu, mema yake na hata vituko vyake. Vijana husikiliza na kuelewa wametoka wapi. Hata kicheko husikika, wala si utovu wa adabu.

Wapo watakaouliza: ikiwa moto ni wa walio hai, je, hatujamsahau marehemu? La hasha. Marehemu hatuwezi tena kumtendea lolote yeye mwenyewe. Lakini aliacha mjane, watoto na wazazi, na hao ndio mlango pekee uliobaki wa kumfikishia heshima yetu. Atakayelipamba kaburi kisha akamwacha mjane bila mtu wa kumliwaza, hakumheshimu marehemu, amejitafutia sifa.

Wengine wana hoja nzito zaidi: kuni zinakwisha, na misitu yetu haiwezi kulisha kila msiba magogo ya siku kadhaa. Hoja hii ni ya kweli, na mfano tunao. Profesa Wangari Maathai, aliyeanzisha harakati za kupanda miti nchini Kenya mwaka 1977, alifariki mwaka 2011. Kwa kuwa hakutaka mti ukatwe kwa ajili ya jeneza lake, lilitengenezwa kwa mianzi, magugu maji na mafunjo, na mwili wake ukachomwa huko Kariokor, Nairobi. Hiyo haikuwa desturi iliyozoewa na Wakikuyu, watu wa kabila lake. Hata hivyo waombolezaji hawakukosekana, na heshima yake haikupungua. Jambo hilo latufunza kwamba mapenzi kwa marehemu hayapimwi kwa wingi wa mbao wala magogo.

Lakini tujihadhari na mabadiliko ya namna nyingine. Katika sehemu kadhaa za Kenya, mkesha wa msiba umegeuzwa kuwa dansi ya usiku iitwayo disko matanga. Wahenga walisema kifo cha wengi harusi, lakini hawakuwa na maana kwamba wengi wacheze na mfiwa alie peke yake chumbani. Hapo mwanga upo, tena mkali kuliko wa magogo, na watu ni tele. Kilichokosekana ni ujirani.

Kwa hiyo, desturi yaweza kubadili kuni zake, hata ikatosheka na jiko la mkaa au taa moja barazani, bila kupoteza utu wake. Isichoweza kupoteza ni watu wanaokubali kuacha vitanda vyao ili mwenzao asikeshe peke yake. Mwalimu na mwanafunzi wanapoichunguza desturi yoyote ya taifa letu, na waulize kwanza: ni nani atakayebaki gizani siku tutakapoiacha?