Aliyechora Ataulizwa

Mtoto wa Kiislamu wa pwani huenda akaikuta hoja hii madrasa kabla hajaanza kujifunza kuchora: aliyetengeneza sura ya kiumbe ataamriwa Siku ya Kiyama aitie roho, na hataweza. Hadithi hiyo ya Ibn Abbas imo katika Sahihi Bukhari. Mchora katuni hadithi hiyo inamgusa zaidi, maana kazi yake nzima ni kuufanya mchoro uonekane u hai. Wanazuoni wamehitilafiana. Wapo wanaokataza kila sura ya chenye roho; wapo wanaoruhusu vya kuchezea na kufundishia watoto, wakitaja wanasesere wa Bibi Aisha, mke wa Mtume, akiwamo farasi mwenye mbawa. Wakati wao wakijadiliana, Ubongo Kids ya Dar es Salaam imekuwa ikifundisha hesabu kwa katuni tangu 2014.

Ng'endo Mukii, mwongozaji wa filamu fupi kutoka Kenya, analishika suala hilo la sura na roho kwa upande wa pili. Je, picha haiwezi kuua?

Hoja yake ni kwamba kamera za kikoloni zilimgandisha Mwafrika kama mnyama wa makumbusho, ngozi yake halisi lakini ndani kajazwa pamba. Kwake, animesheni yaweza kumrudishia aliyegandishwa mwendo na sauti yake.

Yellow Fever, filamu aliyohitimia Royal College of Art ya London mwaka 2012, inahusu wanawake wanaojichubua. Humo michoro inachanganyika na miili halisi ya wacheza dansi, na jamaa zake mwenyewe wanasikika wakieleza wanavyoiona ngozi yao. Mmoja ni mtoto wa kike. Kuchora uso wa mtoto anayesema hayo ni dhamana: ukiuongezea huzuni ambayo hakuwa nayo, umemsemea.

Dhamana hiyo ina jasho lake. Kwa michoro 12 kila sekunde, dakika 7 za kuchora kwa mkono zinafika michoro 5,040, na mwongozaji wa kujitegemea mara nyingi ndiye pia mwandishi, mhariri na mwomba ruzuku. Tuzo za matamasha huleta jina. Kodi ya nyumba hulipwa na kazi za wateja. Mwaka 2023 Mukii aliongoza Enkai, mojawapo ya filamu fupi 10 za mkusanyiko wa Kizazi Moto zilizosimamiwa na studio ya Triggerfish ya Afrika Kusini kwa ajili ya Disney+. Katika kazi ya namna hiyo mchoro mmoja hupita mikononi mwa wengi, na anayestahili kuulizwa haonekani upesi.

Kipawa, Dar es Salaam, jirani na uwanja wa ndege, kuna kituo cha VETA cha mafunzo ya TEHAMA. Tuseme kijana aliyejifunzia kompyuta hapo anapata mteja wake wa kwanza, muuza mkorogo, anayetaka katuni ya sekunde 30: binti mweusi akipaka, akitabasamu, akiwa mweupe hatua kwa hatua. Programu itaifanya kazi hiyo kwa saa chache. Malipo ni taslimu, na jina la mchoraji halitaandikwa popote.