Maana ya Jina la Mtoto: Nani Aijua?



Siku hizi mzazi akitaka kumleta mtoto kwenye ubatizo, mara nyingi hutafuta kwanza maana ya jina katika kitabu cha majina au katika simu. Si vibaya kutafuta. Lakini orodha hizo hunakiliana, na kosa likiingia katika moja hutembea katika nyingine. Tena wako wanaowaambia wazazi wa huku kwetu Ushetu kwamba jina la ukoo ni la mizimu, heri liachwe. Je, yatupasa kukubali tu?

Tuyatazame majina yetu. Kulwa ni pacha wa kwanza, Doto ni wa pili, na Shija ni afuataye mapacha. Mabula na Kabula yatokana na mbula, yaani mvua. Limi ni jua. Nzala ni njaa. Hakuna shetani ndani ya mvua.

Lakini hata hapo hatujamaliza, kwa kuwa jina lina mambo mawili: mzizi wa neno, na sababu ya kupewa. Mzizi ataueleza kila ajuaye lugha. Sababu waijua wale waliokuwapo, na simu haijamwuliza bibi yeyote. Nzala mmoja alizaliwa mwaka wa njaa. Mwingine alizaliwa ghala zimejaa, akarithi jina la babu yake. Kitabu kikimwita huyu wa pili mtoto wa njaa, kimekosea habari zake, ingawa neno kimelifasiri sawasawa.

Katika Kutoka 2:10 binti Farao amwita mtoto Musa kwa sababu alimtoa majini, na kwa Kiebrania jina lasikika hivyo. Wataalamu wengi waona kwamba asili yake ni neno la Kimisri lenye maana ya mtoto. Imani yetu haitikisiki kwa hilo.

Na wale waogopao mizimu watumie kipimo kimoja kwa majina yote. Martini latokana na Mars, mungu wa vita wa Warumi. Apolo wa Matendo 18:24 alikuwa na jina lenye asili ya mungu wa Wayunani, wala hatusomi kwamba Mtume Paulo alimtaka alibadili. Huko Buganda alizaliwa mtoto aliyeitwa Waswa, yaani pacha mkubwa wa kiume, kama Kulwa wetu. Mwaka 1895 alibatizwa Apolo, naye ndiye Kasisi Apolo Kivebulaya, mhubiri wa Mboga katika Kongo, aliyefariki 1933. Kwa mizizi, jina lake la nyumbani lataja mapacha tu. Lile la ubatizo ndilo litajalo mungu wa kigeni!

Yapo majina yaliyotolewa kwa agizo la mganga, hatukatai. Lakini hayo nayo yajulikane kwa kuuliza. Kumsingizia bibi aliyekwisha kufa kwamba alimwita mjukuu kwa mizimu, bila kuuliza mtu, ni kuvunja amri ya tisa.

Mzazi aliyeuliza akapata maana ya uchungu, anaweza kuchagua jina jingine. Raheli akiwa katika kufa alimwita mwanawe Benoni, mwana wa huzuni yangu. Yakobo akamwita Benyamini (Mwanzo 35:18). Baba alibadili jina, lakini Maandiko hayakulificha lile alilolitaja mama.