Ijumaa Isiyorudi

Amri ilitoka Alhamisi alasiri, na mimi ndiye niliyeiomba. Mteja wangu, mtayarishaji wa filamu, alikuwa amekuja ofisini siku mbili kabla, macho mekundu kwa kukosa usingizi. Filamu yake ilikuwa ianze kuonyeshwa Ijumaa hapa Dar es Salaam. Kwa maelezo yake, msambazaji aliyebandika mabango mji mzima hakuwa na haki nayo tena, mkataba ulikwisha. "Dada wakili, wakishaionyesha wikiendi hii sina changu tena," aliniambia. Nikaandaa kiapo chake cha kurasa 9, nikaweka na hati ya dharura, nikaomba zuio la muda na kwamba tusikilizwe sisi kwanza, upande mmoja. Jaji alitusikiliza dakika 20 hivi. Akazuia.

Wiki mbili baadaye upande wa pili ulileta majibu, na ndani yake nikakuta nyongeza ya mkataba iliyorefusha muda wa msambazaji kwa mwaka mzima. Sahihi ya mteja wangu ilikuwa pale chini. Hakuniambia. Na mimi sikumuuliza. Mabango yalikwisha shuka, waliokata tiketi walikwisha rudishiwa fedha zao, na Ijumaa ile ilikwisha pita.

Nilisomea chuo cha Kurani Tanga kabla ya kuijua shule ya sheria, na usiku ule kilichonirudia ni kisa alichotusomesha Maalim katika Sura ya Swad. Wagomvi wawili walipanda ukuta wakamwingilia Nabii Daudi mihrabuni. Mmoja akashtaki: ndugu yangu ana kondoo 99, mimi ninaye mmoja, naye anamtaka huyo huyo. Daudi akasema papo hapo kwamba mlalamikaji amedhulumiwa. Kisha akatambua kuwa ametahiniwa, akaanguka kusujudu akiomba msamaha. Wafasiri wametofautiana juu ya kosa lake. Wapo wanaosema ni kutamka hukumu kabla ya kumsikia wa pili, na Maalim alishika hilo. Alituuliza watoto: yule wa kondoo mmoja alisema uongo? Hatukujua. Akasema hata Daudi hakujua, na hapo ndipo penye mtihani.

Mahakama zetu zinajua kwamba hazijui. Ndiyo maana, tangu shauri la Atilio dhidi ya Mbowe la 1969, hakimu wa Tanzania hujiuliza mambo matatu kabla ya kuzuia: je, kuna hoja nzito ya kuamuliwa? Je, mwombaji atapata hasara ambayo fedha haiwezi kuifidia? Na nani ataumia zaidi, huyu akinyimwa au yule akizuiwa? Wenzetu wa Kenya husimama juu ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya 1973, na njia ni karibu ile ile. Ni maswali ya mtu anayepapasa gizani kwa uangalifu, nami nayaheshimu.

Lakini kwenye filamu yanagonga mwamba. Filamu ni kama samaki wa soko la Feri: bei yake iko asubuhi. Ukiizuia wiki ya kwanza, umeua matangazo, hamu ya watu na nafasi kwenye ukumbi. Ukiiacha ionyeshwe na asiye na haki, umemla mwenye mali. Pande zote mbili zina hasara isiyofidika, na jaji hana mahali pa kusimama ambapo hajamgusa mtu. Sisi mawakili hupenda kusema tunaomba hali ibaki kama ilivyo. Siamini tena maneno hayo. Kusimamisha ni kutenda.

Tena hilo "la muda" mara nyingi ndilo la mwisho. Marekani, Fox ilidai kwamba haki za kusambaza Watchmen ni zake, si za Warner Bros. Tarehe 24 Desemba 2008 Jaji Gary Feess akaona Fox inayo walau haki ya usambazaji, na filamu ilikuwa itoke Machi 6. Januari, kabla ombi la zuio halijasikilizwa, wakapatana. Miaka mitatu kabla ya hapo jaji huyo huyo aliizuia filamu ya The Dukes of Hazzard kwa muda, na Warner ikamaliza kwa malipo yanayotajwa kuwa dola milioni 17.5. Kesi zenyewe hazikufika mwisho. Kalenda ndiyo iliyohukumu.

Je, basi asiyejua anaweza kutenda haki? Nimekaa na swali hili miaka sasa, na linanirudisha kwa mwana wa Daudi. Katika Sura ya Anbiyaa, kondoo wa watu waliingia usiku wakala shamba la mtu. Wafasiri wanasimulia kwamba Daudi alimpa mwenye shamba kondoo wale moja kwa moja. Suleiman akaona njia nyingine: mwenye shamba awachukue kondoo, anufaike na maziwa na sufu, huku mwenye kondoo akilihudumia shamba mpaka lirudi lilivyokuwa, kisha kila mmoja arudishiwe chake. Kondoo hawakuchinjwa wala shamba halikuachwa jangwa. Kila kitu kiliendelea kuishi wakati haki ikingojwa.

Sheria yetu ya mwenendo wa madai, katika Amri ya 37, inaweka ukomo wa zuio: miezi 6, na hata likiongezwa lisizidi mwaka. Lakini mle mle inataja pia masharti ya kutunza hesabu na kuweka dhamana, na tunayapita haraka mno. Filamu ionyeshwe, kila tiketi iandikwe, fedha zikae mahali ambapo hakuna anayezigusa mpaka ijulikane ni za nani. Hayo ndiyo maziwa na sufu. Sisemi zuio halina kazi. Nakala ikiwa mikononi mwa mwizi anayetaka kuimwaga kwenye simu za watu, hakuna hesabu itakayoirudisha. Hapo nitaomba izuiwe, na nitaomba usiku.

Mwezi uliopita alikuja kijana, mwongozaji, na shauri linalofanana mno na lile la kwanza. Nilimwambia tutaahidi mbele ya mahakama kulipa hasara ya mwenzake ikionekana tumekosea, na kwamba nataka kila karatasi aliyowahi kutia sahihi, hata zile anazoziona hazina maana. Alinyamaza kitambo. Kisha akasema, "Dada, kuna moja iko nyumbani." Nikafunga faili, nikamwambia aende akailete.