Nafasi ya Pumzi Moja

Hapa Kisangani, katika Mangobo, yupo mama mmoja muuza sombe. Kila alfajiri, kabla ya kengele ya Misa, hutandika mkeka uani, huketi wima, huvuta pumzi polepole na kuitoa polepole zaidi. Mwanawe aliyesoma mbali ndiye aliyemfundisha yoga. Majirani wananong'ona kwamba ameacha Rozari na kushika dini ya Kihindi. Mwenyewe hucheka. Rozari yake ipo palepale, asema, ila sasa anaisali bila kuhesabu bei ya sombe kichwani.

Basi, yafaa tuulize kwa haki: mazoezi haya yasaidia nini? Neno yoga ni la Bara Hindi, na asili yake ni kuunga, kama nira iwaungavyo ng'ombe wawili. Wakristu nao wameyafikiri. Mwaka 1956 Padre Jean-Marie Déchanet, mmonaki Mbenedikto kutoka Ubelgiji, alitoa kitabu kwa Kifaransa, La Voie du silence, juu ya mazoezi hayo na sala ya Kikristu. Padre huyo aliishi hata katika nchi yetu, kule Kansenia, Katanga. Tena barua iliyotoka Roma tarehe 15 Oktoba 1989, juu ya namna za kutafakari, ilikubali kwamba mkao wa mwili waweza kumsaidia asaliye. Ila ilituonya tusidhani kwamba utulivu wa mwili ndio faraja ya Roho Mtakatifu.

Pumzi ikitolewa polepole, moyo hupunguza mbio, ndivyo tulivyoumbwa. (Magoti yangu hayakubali mkeka; mimi nimejaribu nikiwa kitini.) Anayezoea kila siku, hata kwa dakika chache, hupata kitu kidogo chenye thamani. Zamani mteja akimtukana mama yule, jibu lilitoka kabla hajajua. Sasa kati ya tusi na jibu pana nafasi, upana wake pumzi moja.

Lakini katika nafasi hiyo huingia nini? Mwongo aliyetulia hudanganya vizuri zaidi. Mwenye bunduki naye hufundishwa kutuliza pumzi apate shabaha, na sisi tulioona siku sita za Juni 2000, majeshi ya Rwanda na Uganda yakipigana ndani ya mji wetu, hatuwezi kusema kwamba kila mkono usiotetemeka ni mkono mwema.

Nilimwuliza mama mwenyewe. Akanieleza habari ya jirani mmoja, katika wale wanong'onao, aliyechukua sombe kwa deni na hajalipa. Wakikutana sokoni, mama huvuta pumzi kwanza.

"Ndipo ninajiuliza: nimdai mbele ya watu, ao nimngojee nyumbani?"

"Na pumzi inakujibu?"

"Hapana, Baba. Pumzi inanipa wakati wa kuuliza tu. Kujibu ni kazi yangu."

Juma lililopita, alikiri, alimdai mbele ya soko zima.